Aliuza barua za Daktari wa Nyoka kwa kilo, sasa anautafuta ukurasa wa pili

Saa tatu na nusu asubuhi, Jumamosi, mwanamume wa miaka hamsini na minane amepiga magoti chini ya meza ya fundi cherehani, kichwa kikiwa ndani ya boksi la vipande vya karatasi. Juu yake cherehani inaendelea kukimbia. Fundi hajasimamisha mguu, maana sare za shule zinatakiwa Jumatatu, na mgeni huyu amekwisha kumzoea.

"Chukua muda wako, Bwana Mizani," anasema fundi bila kuinua macho. "Ila kola zangu usinichanganyie. Namba kumi na mbili ikiingia kwenye namba nane, kuna mtoto atanyongwa na shati."

Mtaa mzima unamwita Bwana Mizani kwa sababu ya mizani ya kuning'iniza anayotembea nayo begani, mnyororo wake umefungwa kitambaa usimkwaruze shingo. Ni mnunuzi wa karatasi chakavu. Hupita nyumba kwa nyumba na ofisi kwa ofisi, akanunua madaftari yaliyokwisha, magazeti na mafaili yaliyopitwa na wakati, akayapima, akayasukuma kwa mkokoteni hadi uani kwake. Siku njema hupata kilo sitini. Siku ya mvua hapati kitu.

Leo hanunui. Anatoa vipande kimoja kimoja, anakigeuza, anakirudisha. Kola, mfuko, mkono wa shati, kola tena. Kisha mkono wake unasimama.

Alichoshika ni kielelezo cha kola ya mtoto, kimekatwa kwenye karatasi ngumu ya rangi ya maziwa. Upande mmoja una visanduku vya fomu ya maabara. Upande wa pili una mwandiko wa wino wa buluu uliokandamizwa sana. Kwenye pembe ambayo mkasi wa fundi haukuifikia, pana namba mbili zilizotengwa kwa mstari: 88/3.

"Fundi," anasema. "Hebu simamisha mashine."

Daktari wa Nyoka hakuwa daktari wa kutibu nyoka, kama watoto wanavyotaniana. Alikuwa mwanasayansi aliyetumia umri wake wote kukamua sumu na kutafuta dawa yake. Kabla ya dawa hiyo, mkulima akiumwa na nyoka, nyumbani kwake walianza kulia angali hai. Picha ya mwanasayansi huyo imo kwenye vitabu vya darasa la tano, amevaa miwani, ameshika fimbo yenye ndoano.

Kila aliposimama kuhutubia, alisimulia jambo lile lile. Alipokuwa na miaka tisa, mdogo wake wa miaka minne aliingia kwenye banda la kuni ambalo mlango wake uliachwa wazi, akaumwa, akafa kabla ya jua kutua. Watu walifuta machozi, wakapiga makofi. Hakusema hata siku moja ni nani aliyeuacha wazi mlango ule.

Aliyeachiwa nyumba siku hiyo alikuwa dada yao mkubwa, msichana wa miaka kumi na mitatu. Mama yao alikuwa amemwambia, kabla ya kutoka, kwamba banda lifungwe. Dada huyo yu hai. Ana miaka themanini na minne, na kwa ajili yake mnunuzi wa karatasi hupiga magoti chini ya meza za watu.

Miaka saba iliyopita Daktari wa Nyoka alifariki dunia, akiwa na miaka sabini na mitatu, hana mke wala mtoto, katika nyumba ya taasisi aliyoitumikia. Taasisi ikaitaka nyumba yake. Medali, darubini na vitabu vilichukuliwa na jumba la makumbusho. Kwa yaliyobaki akaitwa Bwana Mizani.

"Karani aliniambia, beba kila kilicho karatasi, na ukimaliza ufagie," anakumbuka. "Kilo mia moja na kumi na nne. Sijapata kubeba mzigo msafi kama ule. Nilifurahi, nisikufiche. Nilirudi nyumbani napiga mluzi."

Kosa alilolifanya baada ya hapo lilikuwa la mtu anayeijua kazi. Mvivu angezishindilia karatasi zile kwenye magunia na zingebaki pamoja. Bwana Mizani si mvivu. Katika biashara yake karatasi yenye pini hukataliwa, kwa kuwa pini huvunja meno ya mashine kiwandani, na karatasi iliyochanganywa hununuliwa kwa bei ya takataka. Kwa hiyo alikaa uani alasiri mbili, aking'oa pini moja baada ya nyingine na kuzitia kwenye mkebe wa maziwa. Kisha akazipanga karatasi kwa ukubwa na ugumu, pana na laini kushoto, ndogo na ngumu kulia.

Hakujua kwamba mwenye barua alikuwa bahili wa karatasi zenye nembo. Kila barua aliianza kwenye karatasi pana yenye nembo ya taasisi, akaiendeleza na kuimalizia nyuma ya fomu ndogo za maabara. Basi kwa alasiri mbili za uhodari, Bwana Mizani alizikata barua zote vichwa. Karatasi pana ziliuzwa sokoni kwa wafungaji wa bidhaa. Zile ndogo alimuuzia mchuuzi mpita njia mwenye baiskeli, ambaye hata jina hakumuuliza.

"Mwingine angeharibu kwa uzembe," anasema. "Mimi niliharibu kwa kujituma. Hapo ndipo panaponiuma."

Mkebe wa pini anao hadi leo. Pini zimeshika kutu, zikagandana kuwa bonge moja. "Hizi ndizo zilizokuwa zinajua karatasi ipi ni ya ipi," anasema akiutikisa mkebe karibu na sikio. Hautoi sauti yoyote.

Miezi minane baada ya kuziuza, mama mmoja mwenye fimbo aliingia uani kwake akishikwa mkono na binti yake. Macho yalikuwa yameanza kumwacha. Hakuja kugomba. Aliuliza tu kama kuna karatasi zozote zilizobaki, maana aliyekuwa mpishi wa marehemu alimweleza kwamba kwa miaka mingi, kila Ijumaa ya mwisho wa mwezi, bwana wake alikuwa akiketi mezani na kuandika "Dada yangu mpendwa". Huandika kurasa mbili tatu, huzipa namba kwenye pembe, ya barua na ya ukurasa, kama alivyowapa namba nyoka wake, hubana pini, huweka kwenye droo. Hakutuma hata moja.

Ndugu wale wawili hawakuwahi kurushiana neno baya. Walikutana kwenye misiba na harusi, wakaulizana afya, wakaagana. Lakini banda la kuni lilikuwa limekaa kati yao, na kila mmoja alilizunguka kwa upande wake.

Bwana Mizani alitamani ardhi ipasuke immeze. Uani hapakuwa na karatasi hata moja. Ndipo mkewe, aliyekuwa akisikiliza mlangoni, akaingia ndani na kuanza kushusha sahani na masufuria kabatini. Siku ya kupanga karatasi alikuwa amejichotea tisa kati ya zile pana, nyeupe na nzuri, akazitandika kwenye rafu.

"Ningejua ni za marehemu nisingeweka masufuria juu yake," anasema mkewe. "Ila nisingeiba zile tisa, siku ile asingekuwa hata na moja ya kumwonyesha yule mama. Kumbe mwizi naye ana siku yake ya kushukuriwa."

Ya sita ilikuwa na namba 88/1. Bwana Mizani, ambaye shule yake iliishia darasa la sita, aliisoma kwa kufuata mistari kwa kidole, mama akiwa ameketi kwenye benchi, fimbo kati ya magoti.

"Dada yangu mpendwa," barua inasema, "kila mahali nasimulia habari ya mdogo wetu, lakini sijawahi kuisimulia yote. Wewe hukuniuliza, nami sikukuambia. Sasa daktari wa moyo amenipa tahadhari na sitaki kuondoka na jambo hili. Asubuhi ile nilikuwa juu ya ukuta wa ua, nakula embe nililokatazwa, nikaona kila kitu. Aliyeuacha mlango wa banda wazi ni"

Hapo ukurasa ukaisha.

"Endelea, mwanangu," alisema mama.

Akaigeuza karatasi. Nyuma palikuwa peupe, pana duara jeusi la kitako cha sufuria.

"Endelea."

"Mama, imeishia hapo."

"Hakulia," anasema Bwana Mizani. "Angelia ningejua la kufanya, ningemletea maji. Alisema tu, 'Basi tutafute,' kama mtu aliyeangusha sindano. Akasema tutafute. Nikajua na mimi nimo."

Mama huyo anaishi na binti yake katika nyumba ya vyumba vitatu, nyuma ya karakana ya kuchomelea mageti. Chumba chake kina kitanda, kiti kimoja na dirisha linaloingiza harufu ya chuma. Ukimuuliza kuhusu siku ile, hujibu kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuizunguka mara nyingi.

"Nguo niliyovaa naikumbuka," anasema. "Ndoo naikumbuka, ilikuwa na tundu nimeliziba kwa sabuni. Nakumbuka nilikwenda kisimani na nikarudi naimba. Komeo silikumbuki. Miaka sabini na moja nautafuta mkono wangu juu ya komeo lile, siuoni."

Alidhani ndugu yake anamjua kuwa mkosaji na anamsitiri. Siku nyingine alidhani anamtuhumu mbele za watu bila kumtaja. Alipomsikia redioni akisimulia, alizima redio, kisha akaiwasha tena asikie kama leo atataja.

Majuto ni mjukuu, na Bwana Mizani anamlea wake kila Jumamosi. Siku hiyo haweki mizani begani kutafuta riziki. Ni siku moja kati ya sita za kazi, na pengo lake huzibwa na mkewe anayefua nguo za watu. Kwa miaka sita amefunua mapipa ya wauza karanga, amepekua soli za mafundi viatu, ametoa karatasi kwenye vitako vya masanduku ya nguo ya watu asiowajua. Moja aliikuta imezibia tundu la dirisha kwenye chumba cha kupangisha, akamnunulia mpangaji kioo ndipo akapewa.

Chumba alicholala binti yake wa kwanza kabla ya kuolewa sasa kinakaa vitu vya Daktari wa Nyoka. Mpishi wa marehemu alimpa alivyovificha machoni pa karani. Kuna miwani yenye mkono mmoja, mwingine ukiwa uzi. Kuna kikombe cha bati kilichobanduka mdomoni, fimbo ya ndoano, na soksi moja iliyotiwa viraka mpaka haijulikani ilianza na rangi gani. Na kuna barua kwenye faili la kijani.

"Nina 'Dada yangu mpendwa' hamsini na saba," anasema, akilifungua faili. "Sina 'Ndugu yako' hata moja."

Watu wa makumbusho walikuja mara mbili. Walizisifu, wakamwambia wanapokea barua kamili tu, isiyo na mwisho ni kipande cha karatasi. Majirani wanamwona amepungukiwa. Mke wake aliona hivyo mwaka wa kwanza. Mwaka wa pili akaanza naye kuangalia anachofungiwa nacho dukani.

Katika miaka hiyo sita hakukutana na karatasi ndogo hata moja, na huko kukosa ndiko kulikomponza.

Miaka miwili iliyopita mama aliugua homa ya mapafu. Wiki ya pili binti yake alimfuata Bwana Mizani uani, akasimama kando ya mkokoteni akilia. "Kaka, nakuomba," alimwambia. "Mwandikie tu. Msomee kwamba aliyeacha mlango ni mjomba mwenyewe. Haoni, na mjomba hayupo. Nani atajua? Mwache mama yangu afe amelala."

Alikataa siku ya kwanza. Ya pili akararua karatasi kwenye daftari la mjukuu wake, akaandika mara tatu mpaka maneno yakakaa sawa. Ya tatu akaenda, akaketi kwenye kile kiti kimoja, akamwambia mama kwamba ukurasa umepatikana. Akasoma: "Ni mimi, dada. Nilikwenda kutafuta panya, nikasahau kufunga. Wewe huna kosa."

Mama alisikiliza hadi mwisho. Akanyoosha mkono. "Nipe niishike."

Akaigeuza karatasi, akaipapasa nyuma kwa kidole gumba, polepole, kutoka juu hadi chini. Kisha akamrudishia.

"Ndugu yangu alikuwa anaandika kama anachonga," alisema. "Mwalimu alimpiga kwa kutoboa madaftari. Karatasi yake ukiishika nyuma unayasikia maneno. Hii ni laini, mwanangu."

Bwana Mizani anasimulia jambo hili akitazama mikono yake. Hatafuti udhuru.

"Nilitaka kumwambia nimekosea ukurasa. Mdomo ukakataa," anasema. "Akanishika hapa, kwenye kiwiko. Akaniambia, 'Najua hukufanya kwa ubaya. Lakini mzigo huu nimeubeba tangu sijavunja ungo. Kama ni wangu, nitakwenda nao. Kama si wangu, nataka kuutua. Usinitue kwa uongo, maana nikifika huko nitaukuta unanisubiri.' Halafu akaniuliza kama nimekunywa chai."

Mama akapona. Ukurasa wa pili haukupatikana, na hawakuuzungumzia tena ule wa daftari.

Ndiyo maana leo, chini ya meza ya fundi, kipande cha karatasi chenye umbo la kola kimemtoa Bwana Mizani kijasho. Ni barua ile ile. Ni karatasi ndogo ya kwanza kuiona tangu aziuze. Na imeruka namba moja.

"Hizo ngumu?" fundi anakuna kichwa. "Hizo nilipewa na mzee wa fremu, zamani. Alinigawia kama kumi, zingine zimeshachakaa nikatupa. Yeye alikuwa nazo rundo, alinunua kwa jamaa wa baiskeli. Alikuwa akiziweka nyuma ya picha, kati ya picha na ubao, picha isicheze."

Miaka sita Bwana Mizani ameangalia kila mahali karatasi inapoonekana. Nyuma ya picha za ukutani hakuwahi kufikiria, kwa kuwa hakuna mtu anayetazama huko.

Fundi wa fremu amestaafu, mikono inamtetemeka. Anaishi mwisho wa barabara hiyo hiyo katika chumba ambacho, ajabu, ukuta wake hauna picha hata moja. Anakumbuka lile rundo. Lilimtosha fremu sabini hivi, karatasi tatu au nne kila moja.

"Majina ya wateja usiniulize, sina," anasema. "Mimi nakumbuka picha. Kuna bibi harusi shela limemwangukia jicho. Kuna mtu na baiskeli yake mpya. Kuna mapacha, mmoja kafumba macho. Hao mapacha wanakaa nyuma ya zahanati, mama yao alinisumbua sana nimfumbue yule mmoja."

Bwana Mizani anaomba kalamu. Hadi mzee anachoka kukumbuka, ana picha ishirini na tatu kwenye kipande cha boksi.

Saa tisa alasiri yuko kwenye kiti kimoja cha chumba cha mama. Karakana imenyamaza, welda wamekwenda kula. Safari hii hasomi kwanza. Anaiweka kola kwenye kiganja cha mama.

Kidole gumba kinapita nyuma ya karatasi. Kinafika kwenye mkato wa shingo ya kola, kinauzunguka, kinarudi.

"Huyu ni yeye," anasema mama. "Mbona wamemkata hivi?"

"Alikuwa anashonewa shati, Mama. Ni ukurasa wa tatu. Wa pili bado."

Mama anacheka kidogo, pumzi tu. "Soma."

Bwana Mizani anasoma, na pale mkasi ulipokula maneno anasema "hapa hapapo", bila kubahatisha hata neno moja.

"Hayo niliyoyaandika hapo nyuma sitayarudia," barua inasema, "mkono umenikatalia mara mbili kabla ya leo. Tulikuwa watoto. Mtoto hahukumiwi kwa akili ya mtu mzima. Tusameheane, dada, tungali tunaweza." Hapa hapapo. "Nikipata nafuu nitakuja, unitilie chai yako ile unayoibania sukari, tukae tusiseme chochote. Nimekukumbuka kila siku. Ndugu yako."

"Tena," anasema mama.

Anasoma tena. Binti wa mama amesimama mlangoni na taulo begani, anajifuta uso kwa ncha yake. Kwa miaka sita walikuwa na mianzo mitupu, na sasa yupo aliyeandika 'Ndugu yako'. Bwana Mizani anasubiri, kisha anauliza alilokuja nalo kifuani tangu asubuhi.

"Mama, haitoshi hii?"

Mama ameilaza kola pajani, ameifunika kwa viganja vyote viwili. Machozi yanamtoka na hayafuti.

"Kwamba alinipenda, imetosha," anasema. "Nilikuwa sijui, sasa najua, Mungu akulipe. Lakini hilo 'tusameheane'... Anayesamehe husema hivyo, mwanangu. Na anayeomba radhi husema hivyo hivyo. Yeye alikuwa yupi?"

Nje welda wamerudi, na cheche zinaanza kumulika dirisha ambalo yeye halioni.

Asubuhi ya Jumapili Bwana Mizani yuko nyuma ya zahanati. Begani hana mizani. Ana mfuko wenye koleo dogo, nyundo ya kufungia misumari, gundi ya karatasi, kitambaa safi cha kufutia kioo, na ukurasa wa kwanza ndani ya plastiki, ili watu wasimdhanie mwizi. Jana jioni alifanya mazoezi kwa kufungua picha ya harusi yake mwenyewe. "Ametupasua mgongo sote wawili," mkewe anasema, "na bwana harusi amerudishwa kapinda."

Mama wa mapacha anasikiliza maelezo yote akiwa ameshika ufagio, mwishowe anaishusha picha mwenyewe. Mapacha sasa ni watu wazima na hawaishi hapo. Bwana Mizani anailaza kifudifudi mezani, anang'oa misumari midogo minane na kuipanga kwa safu, anainua ubao. Chini yake kuna karatasi tatu ngumu za rangi ya maziwa. Anavuta pumzi, anazigeuza.

12/2. 40/2. 40/3.

Anazisoma namba mara mbili, anaziweka kwenye faili. Anaweka karatasi nyeupe mahali pake, anafuta kioo, anarudisha misumari ile ile kwenye matundu yale yale. Mama wa mapacha anaitundika picha na kurudi nyuma hatua mbili, akiangalia yule aliyefumba macho.

"Kama nilivyoikuta," anasema Bwana Mizani.

Zimebaki picha ishirini na mbili ambazo mzee wa fremu anazikumbuka, na karibu hamsini ambazo hazikumbuki. Mpango wake ni nyumba mbili kila Jumamosi na moja kila Jumapili, kuanzia na mwenye baiskeli. Anawaomba wasomaji wenye picha ya ukutani iliyotiwa fremu miaka sita au saba iliyopita waangalie nyuma yake. Atakuja mwenyewe, kwa miguu, na hataharibu kitu. Mama ana miaka themanini na minne, na homa ya mapafu humrudia kila msimu wa baridi.

Njiani anaulizwa swali ambalo binti wa mama alishindwa kuliuliza. Itakuwaje ukurasa ukipatikana, na jina lililoandikwa juu yake likawa la mama mwenyewe?

Anatembea hatua kadhaa, akihamisha mfuko kutoka bega moja kwenda jingine, lile lililozoea mizani.

"Hilo nimeliwaza sana," anasema. "Nitasogeza kile kiti karibu na kitanda, nimshike mkono. Halafu nitausoma kama ulivyo, polepole."